Amani ya Nyumba ya Kupanga



Leo tunataka kuzungumza nanyi habari ya jambo linaloonekana dogo, lakini huwakosesha watu wengi usingizi. Nalo ni habari ya mpangaji asiyeweza kukaa na wenzake kwa amani, na jinsi inavyopasa kumtendea. Tutasema zaidi habari za Bunju, upande wa kaskazini wa Dar es Salaam, katika Wilaya ya Kinondoni, kwenye njia ya kwendea Bagamoyo. Hatukuichagua Bunju kwa sababu watu wake ni wabaya kuliko wengine, la, hasha. Tumeichagua kwa kuwa mji unakua kuelekea huko, na mahali mji unapokua ndipo watu wasiojuana hukutana chini ya paa moja. Walio Temeke, Mbagala, Tanga au Mwanza wataona kwamba mambo ni yale yale.

Kwanza natutazame hesabu. Sensa ya mwaka 2012 ilihesabu watu 4,364,541 katika Mkoa wa Dar es Salaam. Sensa ya mwaka 2022 ilihesabu watu 5,383,728. Maana yake ni kwamba katika miaka kumi waliongezeka watu zaidi ya milioni moja, na kila mmoja wao hana budi kupata mahali pa kulaza ubavu wake. Kwa hiyo mashamba ya pembezoni yakakatwa viwanja, na mwenye kiwanja akajenga kidogo kidogo kadiri ya fedha zake. Akiisha kujenga nyumba yake, huongeza safu ya vyumba nyuma, apate kupangisha. Hili si jambo baya. Chumba hicho humpa mwenye nyumba riziki, na humpa mgeni wa mji mahali pa kuanzia maisha. Lakini vikombe vikikaa pamoja havikosi kugongana, na ni lazima tujue jinsi ya kuvipanga visivunjike.

Zamani nyumba yenyewe ilikuwa na njia yake ya kutunza amani. Nyumba ya Kiswahili ya mjini, kama zile za Kariakoo, Ilala na Magomeni, kwa kawaida ilikuwa na vyumba sita, vitatu upande huu na vitatu upande wa pili, na ukumbi katikati. Mbele palikuwa na baraza, na nyuma palikuwa na ua wenye jiko na choo. Mara nyingi mwenye nyumba alikaa humo humo katika chumba kimoja au viwili, akapangisha vilivyobaki. Basi kila ulipotokea ugomvi wa wawili, yeye alikuwapo, wa tatu wao. Kelele zikizidi alizisikia kwa masikio yake, na choo kisipofagiwa alikiona kwa macho yake. Watu walimwita Baba mwenye nyumba, au Mama mwenye nyumba, na jina hilo halikuwa heshima tupu, bali lilikuwa kazi. Hatusemi kwamba zamani hapakuwa na ugomvi. Twasema palikuwa na mtu wa kuupokea.

Siku hizi, hasa pembezoni mwa mji, mara nyingi mwenye nyumba hakai hapo. Mpangaji huletwa na dalali, naye dalali akiisha kupokea ujira wake, ambao kwa desturi ni kodi ya mwezi mmoja, hana habari tena. Kodi hupelekwa kwa njia ya simu. Mwaka unaweza kupita mwenye nyumba asikanyage ua wake mwenyewe. Nyumba ina wapangaji, lakini haina mzee. Hapo ndipo penye chanzo cha kwanza cha taabu tunayoisema.

Chanzo cha pili ni kodi ya kulipa mbele. Wenye nyumba wengi hutaka kodi ya miezi sita, au ya mwaka mzima, kwa mara moja. Huonekana kuwa ni usalama kwa mwenye nyumba, lakini tazameni matokeo yake. Jirani mbaya akiingia, mwenye nyumba hawezi kumwondoa kwa urahisi, kwa kuwa amekwisha kula kodi yake. Na jirani mwema hawezi kuhama, kwa kuwa fedha zake zimekwisha kuingia humo. Wote wamefungwa katika zizi moja, na kila siku inayopita yaongeza uchungu.

Natutoe mfano, nao si wa mtu fulani, bali ni wa nyumba yoyote. Tuseme iko nyumba ya vyumba sita, yenye choo kimoja, bomba moja la maji na mita moja ya LUKU. Katika chumba cha kwanza yumo mama anayeamka saa kumi alfajiri kukaanga maandazi ya kuuza. Katika cha pili yumo mtoto wa darasa la saba, anayengojea mtihani wake wa mwezi wa Septemba. Katika cha tatu yumo mlinzi, ambaye hulinda usiku na kulala mchana. Katika cha nne yumo kijana aliyenunua sabufa kubwa, na hupiga muziki mpaka saa nane za usiku. Marafiki zake huja, hunywa, hutukanana, na asubuhi choo hakiingiliki.

Siku za kwanza majirani hunung'unika. Kisha humnunia. Mama huanza kugonga sufuria zake kwa nguvu alfajiri ili kulipiza, naye mlinzi asiye na kosa hupata adhabu ya pande zote mbili. Mwenye nyumba hupigiwa simu, naye hujibu, "Vumilianeni." Hata siku moja uvumilivu humalizika. Ama majirani huvunja mlango na kutupa vyombo vya kijana nje, ama mwenye nyumba huja na fundi akang'oa mlango au akaezua bati, ili mpangaji aone mwenyewe kwamba hana tena pa kukaa.

Sasa tuulize: ni nani aliyepata faida? Jana kijana yule alikuwa mkosaji, na nyumba nzima walikuwa mashahidi juu yake. Leo yeye ndiye mwenye mashtaka. Vyombo vyake vimeharibika, kodi aliyolipa imo mikononi mwa mwenye nyumba, naye ana haki ya kwenda mbele ya sheria. Waliokuwa na haki wameipoteza kwa mkono wao wenyewe. Wahenga walisema kwamba hasira ni hasara, na hapa hasara yenyewe yahesabika kwa shilingi.

Basi yatupasa tujue sheria yasemaje. Ilikuwako sheria ya kuzuia kodi za nyumba ya mwaka 1984, lakini ilifutwa mwaka 2005. Tangu hapo mambo ya mwenye nyumba na mpangaji huongozwa zaidi na Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999, pamoja na mkataba ambao wawili hao wamefanya. Sheria hiyo yasema kwamba maadamu mpangaji analipa kodi na kutimiza masharti yake, ana haki ya kukaa kwa utulivu bila kusumbuliwa na mwenye nyumba. Kwa hiyo mwenye nyumba asiingie chumbani bila hodi, wala asikate maji au umeme ili kumkomesha mtu. Kama kodi hulipwa kwa mwezi, wala hakuna muda uliotajwa, upangaji huo huhesabiwa kuwa wa mwezi hadi mwezi, na atakaye kuuvunja hana budi kutoa notisi isiyopungua mwezi mmoja. Lakini haki hiyo ina pande mbili. Mpangaji mwenye kuvunja masharti aweza kuondolewa, ila aondolewe kwa njia iliyo halali.

Njia hiyo ni kama ngazi, na mwenye busara hapandi ngazi kwa kuruka. Tutaitaja daraja kwa daraja.

Daraja la kwanza ni kusema na mtu mwenyewe, mapema, kwa maneno ya adabu, na kwa wakati unaofaa. Usimwendee usiku wakati amelewa na wewe umekasirika. Mngojee kesho, wakati wa jioni, umwambie, "Ndugu yangu, mtoto ana mtihani, nasi tunaomba baada ya saa nne upunguze sauti." Wengi hushangaa kusikia kwamba sauti yao yapita ukutani. Usipoziba ufa utajenga ukuta, na ufa huu huzibwa kwa neno moja, ukiwahi.

Daraja la pili ni kumpelekea habari mwenye nyumba, au msimamizi wake, kwa maandishi. Hapa twawasihi sana mshike daftari. Andikeni tarehe, saa, jambo lililotendeka, na nani aliyekuwapo. Msitie chumvi. Mtu asemaye, "Kila siku anapiga kelele," haaminiwi kama yule asemaye, "Jumamosi saa nane za usiku, na tena Jumatatu saa saba." Mali bila daftari hupotea bila habari, na haki ni vivyo hivyo.

Daraja la tatu ni serikali ya mtaa. Wengi hupenda kwenda kwanza kwa mjumbe wa nyumba kumi. Cheo hicho kilianza miaka ya 1960 katika chama cha TANU, na tangu nchi iliporudia vyama vingi mwaka 1992 ni cheo cha chama, si cha serikali. Mjumbe mwenye hekima aweza kupatanisha watu wakimkubali. Lakini anayechaguliwa na wakazi wote ni mwenyekiti wa mtaa, na pamoja naye yuko mtendaji wa mtaa. Hao huwaita wenye kugombana, huwasikiliza, na huandika mapatano. Walakini kumbukeni kwamba mwenyekiti si hakimu. Hana amri ya kumtoa mtu chumbani, wala barua yake si hukumu.

Daraja la nne ni Baraza la Kata. Mabaraza haya yaliwekwa kwa sheria ya mwaka 1985, na kila moja lina wajumbe wasiopungua wanne wala kuzidi wanane. Hapo kale yaliamua mashauri ya ardhi. Sheria ilibadilishwa mwaka 2021, na tangu hapo kazi yao katika mashauri hayo ni kusuluhisha. Wasipofaulu, hutoa hati ya kuthibitisha hivyo. Na zikipita siku thelathini bila suluhu, mwenye shauri aweza kuendelea mbele hata bila hati hiyo.

Daraja la tano ni Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Hilo ndilo lenye nguvu ya kusikiliza ushahidi, kutoa hukumu, na kuamuru mtu aondoke katika nyumba au alipwe fidia. Huko daftari mliloanza kulishika katika daraja la pili litakuwa shahidi asiyesahau.

Yako mambo mengine yasiyongoja ngazi hii. Kelele za baa, za karakana au za nyumba ya ibada zikizidi kiasi, ziko kanuni za mwaka 2015 za kuzuia kelele na mitetemo, zilizotungwa chini ya Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004, na wenye kuzisimamia ni Baraza la Taifa la Hifadhi na Usimamizi wa Mazingira, lijulikanalo kama NEMC. Vitisho, kupigana, wizi, na matusi ya hadharani yanayoweza kuleta vurugu ni makosa ya jinai katika Kanuni ya Adhabu, na mahali pake ni kituo cha polisi.

Tena liko jambo moja ambalo twataka mlisikie kwa makini. Si kila kelele ni kero. Nyingine ni kilio. Ukutani ukisikia mwanamke anapigwa, au mtoto anateswa, usiseme, "Wapangaji wale ni wasumbufu, hawatuachi tulale." Anayepigwa si msumbufu, ni mwenye kuhitaji msaada. Yako madawati ya jinsia na watoto katika vituo vya polisi, na kwa habari za watoto iko namba ya simu 116 isiyolipiwa. Imewahi kutokea mara nyingi kwamba mwenye nyumba, kwa kutaka utulivu, humfukuza mke pamoja na mume, na mama yule huenda kupigwa mahali pengine pasipo na jirani wa kumsikia. Huko siko kuponya ugonjwa, bali ni kuuhamisha.

Vilevile tuwe na haki katika kumwita mtu mbaya. Yuko mpangaji anayechukiwa kwa sababu tu ni kijana, au ni mwanamke akaaye peke yake, au kabila lake ni geni, au dini yake ni nyingine. Kitoto cha mchanga kinacholia usiku si kosa la mama yake. Mlinzi anayeoga saa kumi na mbili asubuhi hakukosa adabu, ndiyo kwanza ametoka kazini. Kosa ni lile ambalo mtu angeweza kuliacha, akaambiwa, akakataa. Daftari lenu lipimeni kwa kipimo hicho.

Huenda mtu akauliza, "Je, nchi zenye mali nyingi hazikupata dawa iliyo fupi kuliko hii?" Uingereza walijaribu. Mwaka 1998 walitunga sheria iliyoiwezesha mahakama kumpa msumbufu amri ya kuacha mwenendo wake, na aliyeivunja amri hiyo aliweza kufungwa. Lakini amri nyingi zilivunjwa, na mwaka 2014 sheria nyingine ilitungwa kuziondoa na kuweka njia nyingine mahali pake. Hata huko wameona kwamba adhabu peke yake haifundishi ujirani.

Basi dawa iliyo bora ni ile inayotangulia ugonjwa, nayo ni mkataba ulioandikwa kabla ya mpangaji kuingiza kitanda chake. Mkataba mwingi tunaouona husema kodi ni kiasi gani na italipwa lini, kisha umekwisha. Hautoshi. Yafaa useme pia haya yafuatayo. Saa za utulivu ni zipi usiku, na kama yuko afanyaye kazi za usiku, mchana wake utatunzwaje. Zamu ya kufagia ua na kusafisha choo itakwendaje. Umeme utachangwaje pale mita ni moja, maana mwenye friji na pasi hawezi kulipa sawa na mwenye taa moja tu. Na ikiwezekana, kila chumba kiwekewe kipimo chake. Wageni wataweza kulala siku ngapi. Takataka zitawekwa wapi. Onyo litatolewa mara ngapi kabla ya notisi. Na mwisho, ambalo ni kubwa: mpangaji akiondolewa kwa kosa kabla ya muda wake, salio la kodi yake litarudishwaje. Neno hili moja likiandikwa, lile zizi tulilolisema hufunguka. Mwenye nyumba atajua gharama ya kumwondoa msumbufu, na msumbufu hatakuwa na hoja ya kusema, "Nimelipa, sitoki."

Na ninyi wenye nyumba mnaokaa mbali, twawaambia kwa heshima: kodi yaweza kuja kwa simu, lakini amani haiji kwa simu. Ikiwa hamwezi kukaa hapo, basi chagueni mmoja wa wapangaji anayeaminika awe mkubwa wa nyumba, mumpunguzie kodi kidogo kwa kazi hiyo, na majina ya wapangaji wote yafahamike kwa mwenyekiti wa mtaa. Njooni angalau mara moja kila miezi mitatu, mkae ukumbini, mwaulize watu habari zao. Kusanyeni wapangaji wote pamoja, wala msisikilize neno la mmoja gizani.

Nanyi wapangaji, msidhani ya kuwa chumba cha kupanga ni mahali pa kupita tu, hata isiwe na maana kutazama jirani. Wengi wenu mtakaa humo miaka, na watoto wenu watakua humo. Siku moto utakapowaka au mgonjwa atakapozidiwa usiku wa manane, atakayefungua mlango wa kwanza si ndugu yako aliye Songea wala Bukoba. Ni yule yule uliyegombana naye juu ya zamu ya choo.

Kwa wanafunzi tuna kazi moja ndogo. Kesho, mkiwa na ruhusa ya wazee wenu, andikeni katika karatasi kanuni tano za nyumba mnayokaa, zile ambazo kila mtu ameshazijua lakini hazijaandikwa popote. Wasomeeni wazee. Mtaona kwamba katika tano hizo, labda mbili watazibishania. Hizo mbili ndizo ugomvi wa kesho, nanyi mmezigundua leo, wakati watu wangali wanacheka.

Mabibi na Mabwana, hayo ndiyo tuliyokuwa nayo kwa leo. Kwaherini.